Haramia wa Kisiwa cha Mompracem

Msomaji mpenzi, yamkini umepata kuona picha ya senema ambayo ndani yake mtu mmoja mwenye kilemba, ndevu nyeusi na kifua kipana anasimama kupambana na dola kubwa, naye hana silaha ila upanga mkononi na marafiki wachache nyuma yake. Moyo wako ukawa upande wake tangu dakika ya kwanza. Hukuuliza amemnyang'anya nani mali yake, wala amemwua nani. Ulitaka ashinde tu, na aliposhinda ulitoka ukijiona mrefu kuliko ulivyokuwa ulipoingia. Mtu huyo jina lake ni Sandokan, na kazi yake, kama picha yenyewe isemavyo, ni uharamia. Nataka tuzungumze habari ya neno hilo, maana katika historia ni machache maneno yaliyotumiwa kwa werevu mwingi kama hilo.

Picha niisemayo ilitolewa Italia mwaka 1963. Mwongozaji wake alikuwa Umberto Lenzi, na gharama yake ilichangwa na Wataliani, Wafaransa na Wahispania. Aliyecheza mahali pa Sandokan alikuwa Mmarekani, Steve Reeves, mzaliwa wa Montana, ambaye mwaka 1950 alitwaa taji la Mr. Universe katika mashindano ya umbo la mwili, na mwaka 1958 akawa mashuhuri duniani kwa kumcheza Hercules. Kisa chenyewe si cha kumchosha mtu. Sultani wa Muluder, baba yake Sandokan, ametiwa kifungoni na Waingereza, na mkuu wao, Lord Guillonk, yu tayari kumwua mzee yule. Sandokan anavamia, anamteka Mary Ann, binti wa ndugu yake Guillonk, na kumpeleka msituni pamoja na kundi lake. Mwanzoni binti anamchukia mtekaji wake. Halafu anajionea mwenyewe ni nani mkatili na ni nani mwungwana, na mwisho wa mambo hataki tena kurudi kwao. Katikati ya hayo kuna mapanga, bunduki, mito na miti mingi sana. Kwa kweli ni picha ya maharamia ambayo bahari yake haba na msitu wake ni tele.

Sitakudanganya kwamba ni kazi kubwa ya sanaa. Ni mchezo wa kuburudisha, na wengi wa wale wanaoitwa Wamalai ndani yake ni Wazungu waliovikwa vilemba. Walakini, tazama mwaka wake. Tarehe 16 Septemba 1963 nchi za Sarawak na Sabah, ambazo ndizo nchi za kisa hiki, zilitoka katika utawala wa Kiingereza zikaingia katika Malaysia. Tarehe 12 Desemba mwaka uo huo bendera ya Uingereza ilishushwa Nairobi. Picha ambayo ndani yake Mwingereza ndiye mwovu na haramia ndiye mwema haikuwa jambo la ajabu katika mwaka kama huo. Ila hadithi yake ilikuwa imekwisha kuzeeka.

Aliyeitunga ni Emilio Salgari, aliyezaliwa Verona mwaka 1862. Alitamani kuwa nahodha, akasoma katika chuo cha ubaharia huko Venice, lakini masomo hayakufika mwisho, na safari zake za bahari hazikupita bahari ya Adriatic. Borneo hakuiona, Malaya hakuiona, India hakuiona. Alikaa na ramani, kamusi na vitabu vya wasafiri, akaandika. Mwaka 1883 hadithi yake juu ya chui wa Malaya ilianza kutoka kidogo kidogo katika gazeti la Verona, na watu wakawa wanalingojea gazeti kwa hamu. Aliandika hadithi zaidi ya 80. Wachapaji wakapata fedha, yeye akafa maskini mjini Turin mwaka 1911. Vijana wa Italia wa vizazi vingi walijifunza kusoma kwa mapenzi kutokana na vitabu vyake, na si wa Italia peke yao. Waandishi wa maisha ya Che Guevara wanasema kwamba alipokuwa mtoto Argentina alikuwa mlaji wa vitabu vya Salgari. Na mwaka 1965, alipokuja kupigana mashariki ya Kongo, jina la siri alilopewa lilikuwa la Kiswahili: Tatu. Sisemi kwamba hadithi humpeleka mtu vitani. Nasema tu kwamba haidharauliki kwa sababu ni ya kubuni.

Sasa niruhusu nikuungamie jambo. Miaka ya kwanza ya ualimu wangu nilikuwa nikiwasomea wanafunzi sentensi moja kutoka katika kitabu cha historia, isemayo kwamba katika karne ya 19 manowari za Kiingereza zilikomesha uharamia katika bahari za mashariki. Niliisoma kama mtu asomaye habari ya mvua. Hata siku moja, baada ya kuwaonyesha wanachuo picha hii jioni ya Jumamosi, kijana mmoja aliniuliza, "Mwalimu, katika ile sentensi yako, Sandokan yuko wapi?" Wenzake wakacheka. Mimi nilicheka pia, lakini usiku ule sikulala upesi.

Jibu lake ni kwamba yumo. Muluder ya Salgari ndiyo Marudu, ghuba iliyo kaskazini ya Borneo, katika nchi ambayo leo ni Sabah. Huko alitawala mkuu mmoja aitwaye Syarif Osman. Mwezi wa Agosti 1845 majeshi ya Admirali Thomas Cochrane yaliingia mtoni kwa mashua, yakaivunja ngome yake, yakauteketeza mji wake. Waliofanya hivyo waliandika kwamba wameharibu pango la maharamia. Wapo wataalamu wanaodhani kwamba mkuu huyo wa Marudu ndiye kivuli kilichosimama nyuma ya Sandokan, ambaye katika hadithi ni mwana wa sultani aliyenyang'anywa enzi akakimbilia kisiwa cha Mompracem. Kisiwa hicho kimo katika ramani za kale ambazo Salgari alizitazama. Mabaharia wa siku hizi hawakioni katika ramani zao.

Tena yuko mtu wa pili, na huyu hakubuniwa wala hakubadilishwa jina. Katika kitabu cha Salgari cha mwaka 1896, na katika picha nyingine ya Lenzi iliyotoka mwaka 1964, adui mkubwa wa Sandokan ni James Brooke. Brooke alizaliwa India mwaka 1803, akawa askari wa Kampuni ya Kiingereza ya East India, akajeruhiwa katika vita vya Burma. Baba yake alipofariki alimwachia urithi wa pauni 30,000. Brooke alinunua merikebu iitwayo Royalist, akaitia mizinga, akang'oa nanga. Mwaka 1839 alifika Kuching, mji wa Sarawak, akamkuta Raja Muda Hashim, jamaa ya Sultani wa Brunei, yumo katika taabu ya maasi. Akamsaidia kuyazima. Ujira wake ulikuwa mkubwa: mwaka 1841 alipewa Sarawak aitawale, na tangu hapo Mwingereza asiyetumwa na serikali yake akawa Raja. Katika picha ya 1964 Hassim ni mfungwa ambaye Brooke anamlazimisha kutia sahihi. Katika historia ni yeye aliyemfungulia mlango. Utawala ule ulirithiwa na mpwa wake Brooke, kisha na mwana wa mpwa huyo, hata mwaka 1946 nchi ikatolewa kwa Mfalme wa Uingereza. Miaka 100 na zaidi watu wa Sarawak walikuwa mali ya ukoo mmoja wa Kizungu.

Lakini mgeni aliyekuja na merikebu moja atatawalaje nchi ya mito mingi? Alihitaji manowari za serikali yake, na manowari hazikuweza kuletwa kwa sababu ya kodi au mipaka. Kwa sababu ya uharamia ziliweza. Hapo, msomaji, ndipo neno letu linapoanza kufanya kazi yake.

Sheria ya Uingereza ya mwaka 1825 iliweka zawadi kwa mabaharia waliopigana na maharamia: pauni 20 kwa kila haramia aliyeuawa au kukamatwa, na pauni 5 kwa kila mmoja wa wengine waliokuwa chomboni vita vilipoanza. Zawadi hiyo Waingereza wenyewe waliiita fedha ya vichwa. Usiku wa tarehe 31 Julai 1849, karibu na mchanga wa Beting Maru, Brooke na manowari ziliwavizia Waiban wa mito ya Saribas na Skrang waliokuwa wakirudi kutoka vitani kwa mitumbwi mirefu. Miongoni mwa vyombo vya Kiingereza ilikuwako Nemesis, meli ya moshi iliyokwisha kupata sifa katika vita vya China. Mitumbwi ilinaswa kati ya nchi kavu na mizinga. Mingine ilisagwa na magurudumu ya meli. Waliokufa walihesabiwa kwa mamia. Zawadi iliyotolewa baadaye ilikuwa pauni 20,700.

Angalia pia jambo hili, ambalo sentensi yangu ya zamani haikulitaja. Upande wa Brooke usiku ule walikuwapo Wamalai na Waiban wengi, wa mito mingine, kwa mitumbwi ya namna ile ile na silaha za namna ile ile. Hao waliitwa wasaidizi wa serikali. Ndugu zao wa Saribas waliitwa maharamia.

Huko London si wote waliofurahi. Joseph Hume na Richard Cobden walisimama Bungeni kuuliza kama kweli watu wale walikuwa maharamia, au walikuwa makabila yanayopigana vita vyao yenyewe ambavyo Brooke alivigeuza viwe vyake. Sheria ya fedha ya vichwa iliondolewa mwaka 1850, na mwaka 1854 tume ya uchunguzi ikaketi Singapore. Tume haikumwona Brooke kuwa na hatia, bali iliona ugumu katika hali ya mtu aliyekuwa Raja wa nchi moja na papo hapo mtumishi wa serikali nyingine. Kwa hakika hata mtoto angeuona, maana Brooke alikuwa Raja wa Sarawak, Gavana wa Labuan, na Balozi wa Uingereza kwa Sultani ambaye ardhi yake aliipunguza mwaka baada ya mwaka.

Ningekudhulumu kama ningekuacha udhani kwamba bahari zile hazikuwa na maharamia. Walikuwako. Wairanun na Wabalangingi wa visiwa vya Sulu walitoka kila mwaka kwa majahazi yenye mizinga, wakavamia vijiji vya wavuvi, wakakamata wanaume, wanawake na watoto kuwauza utumwani. Sisi ambao pwani yetu iliona minyororo hatuwezi kuwaimbia watu hao sifa. Waiban nao walishambulia majirani, wakakata vichwa vya wanaume na wanawake pia, wakavitundika nyumbani kwao kwa fahari. Mama wa kijiji cha mtoni aliyempoteza mwanawe hakuwa na haja ya kuuliza kama neno haramia ni la haki. Kwa hiyo neno halikuwa uongo mtupu, na hilo ndilo lililolipa nguvu. Uongo mtupu hufichuka mapema. Neno hili lilikuwa na kweli ya kutosha kuwatosheleza watu waungwana wa London, kisha likanyoshwa kidogo kidogo mpaka likamfunika kila mtu aliyekataa kumtii Raja mpya.

Lilimfunika hata Rentap. Huyu alikuwa mkuu wa Waiban wa Skrang ambaye mwaka 1853 alishambulia ngome ya Brooke, na ofisa mmoja wa Kiingereza akauawa. Kisha akapanda mlima wa Sadok, mbali kabisa na bahari, akajenga boma juu yake. Majeshi yalipanda mara ya kwanza yakashindwa, yakapanda mara ya pili yakashindwa. Mwaka 1861 mzinga mkubwa ulikokotwa mpaka juu, na boma likaanguka. Waweza kuniambia mtu aketiye juu ya mlima ana uharamia gani wa baharini? Mimi sijaweza kumjibu mwanafunzi wangu.

Na hapa ndipo picha ya Lenzi inaponiudhi, ijapokuwa naipenda. Sandokan na kundi lake wanapopita msituni wanakutana na wakata vichwa, watu wa porini wasiokuwa na neno la kusema ila kelele. Kwa maana ya historia hao ndio Waiban, watu wa Rentap, waliompinga Brooke kwa miaka mingi kuliko mtu ye yote. Katika picha iliyotungwa kuwasifu wapinzani wa Mwingereza, wapinzani wenyewe wamewekwa pamoja na mitego ya njiani, na nafasi yao amepewa kijana wa Montana. Hata mwaka 1976, televisheni ya Italia ilipoitoa hadithi upya, Sandokan alichezwa na Mhindi, Kabir Bedi, naye akapendwa mno. Uso ulibadilika. Waiban walibaki walipokuwa.

Lipo tena swali la Wataliani wenyewe. Vijana waliosoma habari za Sandokan wakawa wakubwa, na taifa lao nalo likajitafutia makoloni: Eritrea, Somalia, Libya, na mwisho Ethiopia, iliyovamiwa Oktoba 1935 kwa ndege na gesi ya sumu. Mwaka 1941 kampuni za senema za Italia zilitoa picha ya maharamia wa Malaya wakipigana na Mwingereza, na mwaka uo huo majeshi yaliyotoka Kenya, pamoja na vijana wa King's African Rifles, yalikuwa yakiwatoa Wataliani Somalia na Ethiopia. Wafungwa wa vita hivyo ndio waliolitengeneza barabara ya kuteremka bonde la Ufa, na lile kanisa dogo la Mai Mahiu ulionalo kando ya njia ni kazi ya mikono yao, la mwaka 1942. Huenda kati yao alikuwako aliyemlilia Sandokan utotoni. Nilipata kusimama pale nikiwaza juu ya hilo, mpaka utingo wa matatu akaniita kwamba naachwa.

Je, waliowapinga Wataliani waliitwaje? Omar al-Mukhtar, mwalimu wa Kurani aliyepigana Libya miaka 20 kwa farasi na bunduki, alinyongwa mwezi wa Septemba 1931, mzee wa miaka 70 na zaidi, kwa kosa la uasi. Alipotengenezewa picha yake ya senema, iliyotoka mwaka 1981, serikali ya Italia ilikataza isionyeshwe nchini, kwa hoja kwamba yavunja heshima ya jeshi. Ilionyeshwa katika televisheni ya huko mwaka 2009. Basi nchi iliyompigia Sandokan makofi karibu miaka 100 haikuweza kumtazama Omar. Kumshangilia adui wa jirani yako ni raha isiyokugharimu kitu.

Kabla hujawacheka, nakuomba umtazame rafiki mkubwa wa Sandokan katika hadithi. Jina lake Yanez, mtu mcheshi, mvuta sigara, asiyeogopa kifo. Naye ni Mreno. Nilipomwona mara ya kwanza nilishtuka. Sisi tuliosoma habari za Mombasa hatujazoea Mreno wa namna hiyo. Tena Mombasa ilikuwa na Sandokan wake, zaidi ya miaka 170 kabla ya Brooke kuzaliwa, naye hakuhitaji Salgari amtunge.

Mwaka 1614 Sultani Hassan wa Mombasa aliuawa bara na watu waliolipwa na Wareno, na kichwa chake kikapelekwa Goa. Mwanawe Yusuf, mtoto bado, alichukuliwa huko huko Goa, akabatizwa kwa jina la Dom Jerónimo, akalelewa Kireno, kisha akarudishwa Mombasa aketi katika kiti cha baba yake. Waliomrudisha walidhani amekwisha kusahau. Mwezi wa Agosti 1631 aliingia Ngome ya Yesu pamoja na watu wake, akamwua kapteni wa Kireno, akaishika ngome. Mwaka 1632 merikebu za vita zikaja kutoka Goa, zikaizunguka, zikashindwa. Baadaye Yusuf mwenyewe aliiacha, akaingia baharini, na miaka iliyobaki ya maisha yake aliishi kwa kuzishambulia merikebu. Mwana wa sultani aliyedhulumiwa, amekuwa haramia: kisa ni kile kile.

Lakini mambo mengine ya Agosti ule Salgari asingeyaandika. Baada ya ngome kutwaliwa, Wakristo wa mjini waliuawa, Wareno na Waafrika, wanaume wasio na silaha, wanawake na watoto. Ningependa kukupa Yusuf kama nilivyopewa Sandokan, msafi na mwenye kifua kipana, lakini siwezi kuyaondoa hayo bila kukufanyia kama nilivyofanyiwa na ile sentensi ya kitabu.

Ukijaliwa kufika Mombasa na shule yako, usikimbilie ndani ya Ngome ya Yesu upesi. Simama langoni uinue macho. Juu yake kuna jiwe lililochongwa maneno ya Kireno, lenye mwaka 1635, linalomsifu Kapteni Francisco de Seixas de Cabreira kwa kuitengeneza ngome na kuirudisha pwani katika utii. Yusuf naye yumo katika maandishi hayo. Hakutajwa kwa jina. Ameitwa mfalme dhalimu.